Je, Ni Kweli Falconetti Aliigiza Filamu Moja Tu?

Mtaje Renée Falconetti mbele ya mtu yeyote anayefuatilia sinema za zamani, jibu utakalopata ni lile lile: "Aa, yule Mfaransa aliyecheza filamu moja, akaushangaza ulimwengu, halafu akapotea." Wengine wanaongeza chumvi kwamba mwongozaji alimtesa mpaka akaichukia kamera. Hadithi tamu, ina machozi na mwisho wa huzuni. Ndiyo maana inasambaa.

Mimi nasoma ualimu, na moja ya mambo tunayofundishwa ni kuiangalia hadithi tamu mara mbili kabla hujaipeleka darasani. Hii nimeiangalia. Ndani yake kuna ukweli, lakini kuna jambo kubwa imeliruka, na jambo hilo linatuhusu hata sisi tunaohangaika na GPA huku tukisubiri bumu. Basi wasomi wenzangu, twende taratibu.

Filamu bubu ilikuwa nini?

Kwanza tuelewane. Kuanzia miaka ya 1890 hadi mwishoni mwa miaka ya 1920, filamu zilionyeshwa bila sauti ya waigizaji. Kilichonaswa kwenye mkanda kilikuwa picha tu. Maneno muhimu yaliandikwa kwenye kadi zilizopigwa picha na kuchomekwa katikati ya matukio. Mwigizaji anafumbua mdomo, kadi inatokea, unasoma alichosema, halafu picha inaendelea.

Lakini ukumbini hakukuwa kimya. Kwenye kumbi ndogo alikuwepo mpiga kinanda, na kwenye kumbi kubwa okestra nzima. Nchini Japani walikuwepo wasimulizi waliosimama kando ya skrini na kuwasemea wahusika, na wengine walikuwa maarufu kuliko waigizaji wenyewe. Kama umewahi kukaa kibanda umiza ukasikiliza filamu ya Kichina "iliyotafsiriwa" kwa Kiswahili cha vichekesho, hilo halitakushangaza.

Utaratibu huo ulikuwa na faida yake. Filamu ilisafiri kirahisi: ukitaka kuipeleka nchi nyingine unabadilisha kadi tu, ukaweka za lugha ya huko. Uso wa mwigizaji hauhitaji kutafsiriwa. Kwa hiyo mzigo wote wa hisia uliangukia kwenye macho, midomo, shingo na mikono. Waliotoka kwenye jukwaa la tamthilia walipata shida mwanzoni, maana jukwaani unakuza kila ishara ili aliyekaa kiti cha mwisho akuone. Kamera ikikusogelea hatua moja, ishara ile ile inageuka kichekesho.

Mama wa jukwaani

Falconetti alizaliwa mwaka 1892 Pantin, kando ya Paris. Kazi yake ilikuwa jukwaa. Aliigiza kwenye kumbi za Paris kwa miaka mingi, akapitia hata Comédie-Française, jumba la tamthilia la taifa lililoanzishwa karne ya 17. Kwa Mfaransa wa wakati ule, kusimama pale ni heshima ambayo mwigizaji anaitaja mpaka uzeeni. Na hakuwa mtu wa majonzi tu, kwani watazamaji walimfahamu pia kwenye tamthilia nyepesi za kuchekesha.

Hapa ndipo kosa la kwanza la hadithi yetu linapoonekana. Mwaka 1917 alishacheza filamu mbili, Le Clown na La Comtesse de Somerive. Hazikumpa umaarufu, akarudi jukwaani. Kwa hiyo ile "filamu moja tu" kwa hesabu ni ya tatu. Ilikuja miaka kumi baadaye, naye akiwa tayari mwanamke wa miaka 35 na fundi aliyekomaa.

Aliyemrudisha mbele ya kamera ni Carl Theodor Dreyer, mwongozaji kutoka Denmark. Kampuni moja ya Ufaransa ilimkaribisha atengeneze filamu kubwa kuhusu mwanamke wa historia ya Ufaransa, na uamuzi ukaangukia kwa Jeanne d'Arc. Dreyer akawa anatafuta mwigizaji. Alimwona Falconetti kwenye tamthilia nyepesi, akaenda kuonana naye, kisha akamwomba jambo ambalo mwigizaji wa wakati ule angeweza kuliona kama tusi: apigwe picha za majaribio bila vipodozi vyovyote. Alikubali. Nyuma ya ile sura ya Kiparisi iliyopambwa, Dreyer akaona uso wa binti wa kijijini aliyekuwa akimtafuta.

Jeanne ni nani, na kwa nini lilikuwa jambo zito

Kwa ambao historia ya Ulaya waliiacha kidato cha nne: Jeanne d'Arc alikuwa binti wa kijijini aliyesema anasikia sauti kutoka mbinguni zikimwagiza aiokoe Ufaransa mikononi mwa Waingereza. Mwaka 1429 alikuwa pamoja na jeshi lililouokoa mji wa Orléans, na mwaka huo huo akashuhudia mfalme Charles wa Saba akitawazwa Reims. Mwaka uliofuata alikamatwa, akauzwa kwa Waingereza, akashtakiwa mbele ya mahakama ya kanisa mjini Rouen iliyoongozwa na askofu Pierre Cauchon. Tarehe 30 Mei 1431 alichomwa moto akiwa hai. Alikuwa na miaka 19 hivi, yaani umri wa mtu wa mwaka wa kwanza hapa chuoni. Mwaka 1456 hukumu ile ilibatilishwa, na mwaka 1920 kanisa likamtangaza mtakatifu.

Angalia tarehe hiyo ya mwisho. Dreyer alipoanza kupiga picha mwaka 1927, Jeanne alikuwa mtakatifu wa miaka saba tu, na nchi ilikuwa bado inauguza majeraha ya Vita Kuu ya Kwanza. Kumkabidhi mgeni kutoka Denmark, tena asiye Mkatoliki, asimulie habari zake, kuliwaudhi wengi hata kabla filamu haijakamilika.

Dreyer aliwashangaza kwa namna nyingine pia. Waliotegemea farasi, mapanga na vita hawakuvipata. Alichukua kumbukumbu za kesi yenyewe, ambazo makarani wa mahakama waliziandika na zimehifadhiwa mpaka leo, akaibana kesi ya miezi kadhaa iwe kama jambo la siku moja. Filamu nzima ni maswali na majibu, wazee wasomi wa theolojia wakimzunguka msichana asiyejua kusoma. Wanamtegea. Wanamuuliza kama anaamini yuko katika neema ya Mungu. Akisema ndiyo, ana kiburi. Akisema hapana, amejihukumu mwenyewe. Naye anawajibu kwamba kama hayumo, Mungu amtie, na kama yumo, Mungu amhifadhi humo. Aliyewahi kutetea pendekezo la utafiti mbele ya jopo ataelewa jasho la dakika ile.

Uso ulipigwaje picha?

Sasa tuingie kwenye ufundi, maana ndiyo ulioifanya filamu hii iwezekane.

Mikanda iliyotumika kwa muda mrefu haikuona rangi nyekundu. Ngozi ya binadamu ina wekundu ndani yake, hasa ya Mzungu, hivyo uso mtupu ulitoka na mabaka na giza, na midomo ikawa kama imepakwa wino. Ndiyo sababu waigizaji wa zamani walipakwa unga mzito mweupe na wanja mwingi. Hayakuwa mapambo tu, bila hayo sura isingesomeka. Katika miaka ya 1920 ukaanza kuenea mkanda mpya uliopokea mwanga wa rangi zote. Dreyer na mpiga picha wake, Rudolph Maté, waliutumia, wakawafutia vipodozi waigizaji wote. Ukitazama filamu unaona vinyweleo, chunusi za majaji, mikunjo ya shingo, mate yanayoruka mzee akifoka, na vumbi kwenye midomo ya Jeanne.

Halafu wakaisogeza kamera. Sehemu kubwa ya filamu ni nyuso zilizojaza skrini, mara nyingi ukuta mweupe ukiwa nyuma na hakuna kingine. Walijenga boma zima la zege karibu na Paris kwa gharama kubwa, lakini ndani ya filamu huoni hata robo yake. Majaji wanapigwa picha kutoka chini ili wakuelemee kama minara. Ili kupata pembe hizo Dreyer alichimba mashimo ya kuweka kamera, na inasimuliwa kwamba mafundi walimtania kwa kumwita jina la jibini ya Gruyère, kwa sababu ya matundu.

Jambo jingine lisilo la kawaida ni mpangilio. Kwa kawaida matukio ya filamu hupigwa kwa kufuata urahisi: yote ya chumba kimoja yanamalizwa kwanza, hata kama mwisho wa hadithi unakuja kabla ya mwanzo. Dreyer alipiga kwa kufuata mfululizo wa hadithi yenyewe. Falconetti alichoka pamoja na Jeanne. Nywele zilipofika wakati wa kunyolewa, zilinyolewa kweli mbele ya kamera, na kosa lingetokea pale hapakuwa na marudio.

Ni kweli kwamba Dreyer alikuwa mkali na alirudia matukio mara nyingi. Zipo simulizi za kumpigisha magoti kwenye mawe mpaka uso uonyeshe maumivu halisi. Mimi kinachonishughulisha ni matumizi ya simulizi hizo. Zinamfanya Dreyer awe fundi na Falconetti awe udongo: yeye aliumia tu, mwenzake akaumba. Lakini mtazame kwenye tukio la kutiwa saini. Wamemtishia moto, wamempa kalamu, mkono wake unashikwa na kuongozwa. Katika sekunde chache usoni pake panapita hofu, aibu, unafuu, kisha aibu tena, kila moja mahali pake. Mawe ya sakafuni hayafundishi mtu kufanya hivyo. Mwenye maumivu ya magoti anaonyesha maumivu ya magoti, basi. Kile ni kitu cha mtu aliyefanya kazi ya kuonyesha hisia usiku baada ya usiku kwa miaka mingi, na sasa anajua namna ya kuipunguza mpaka ibaki kope na pembe ya mdomo.

Moto, mkasi na kabati

Filamu, La Passion de Jeanne d'Arc, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Copenhagen mwezi Aprili 1928, na Paris mwezi Oktoba. Kabla ya kufika Paris, viongozi wa kanisa na wakaguzi wa serikali walidai vipande vikatwe, vikakatwa bila Dreyer kuwa na kauli. Uingereza iliipiga marufuku kwa jinsi ilivyowaonyesha askari wa Kiingereza wakimdhihaki Jeanne.

Kisha Desemba 1928 negativu asilia iliteketea kwa moto mjini Berlin. Mikanda ya wakati ule ilitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachowaka kirahisi mno na kuzimika kwa shida, na filamu nyingi sana za enzi hiyo zimepotea kwa njia hiyo. Dreyer hakukata tamaa. Kwa kuwa kila tukio alilirudia mara kadhaa, alikuwa na picha za akiba, akaziunganisha upya kipande kwa kipande akapata filamu ya pili iliyofanana na ya kwanza. Mwaka 1929 moto ulizuka kwenye maabara, na hiyo ya pili nayo ikahesabiwa kuwa imeteketea. Kilichobaki kuzunguka duniani ni nakala zilizokatwa-katwa, na mwaka 1951 toleo lililowekewa muziki ambalo Dreyer mwenyewe halikumpendeza. Alifariki mwaka 1968 akiamini kwamba kazi yake ya awali haipo tena.

Mwaka 1981, kwenye hospitali ya wagonjwa wa akili ya Dikemark karibu na Oslo, Norwe, mfanyakazi alikuta makopo ya mikanda ndani ya kabati. Yalipelekwa kwa wataalamu wa filamu, na yalipofunguliwa ikaonekana ni nakala ya toleo la kwanza, yenye kadi za Kidenmaki, iliyotengenezwa kabla ya mkasi wa Paris. Kwa zaidi ya nusu karne ilikuwa imetulia humo. Nakala karibu zote nzuri tunazozitazama leo, zikiwemo zinazopatikana bure mtandaoni, zina asili yake kwenye kabati lile. Mwaka 2012, jarida la Kiingereza la Sight & Sound lilipowauliza wahakiki filamu bora za wakati wote, hii ilishika nafasi ya 9.

Aliondoka kwenda wapi?

Sasa lile "akapotea". Ni kweli baada ya 1928 hakucheza filamu nyingine. Lakini hakukaa nyumbani kulia. Alirudi kazini kwake, yaani jukwaani. Aliendesha ukumbi wake mwenyewe Paris, biashara iliyomla fedha nyingi. Mwaka 1935, tamthilia maarufu ya Jean Giraudoux kuhusu Vita vya Troya ilipoonyeshwa kwa mara ya kwanza, Andromaque aliigizwa na Falconetti, akiwa jukwaa moja na Louis Jouvet, mmoja wa vigogo wa tamthilia nchini humo. Huyo ndiye tunayeambiwa alipotea mwaka 1928!

Vita Kuu ya Pili ilimwondoa Ulaya. Alivuka hadi Amerika ya Kusini, akaishia Argentina, na alifariki Buenos Aires mwezi Desemba 1946, akiwa na miaka 54. Hakuishi kuona nakala ya Oslo.

Kwa hiyo kosa la pili la hadithi ni kubwa kuliko la kwanza. Kuhesabu filamu mbili zilizosahauliwa ni jambo dogo. Kubwa ni kwamba tunaita "maisha mafupi ya usanii" kitu ambacho kilikuwa kirefu, ila hakikurekodiwa. Tamthilia ya mwaka 1920 iliisha pazia liliposhuka. Waliokuwepo walilia au walicheka, wakaenda nyumbani, na sasa wote wamekufa. Kamera ilimpitia kwa miezi michache ya 1927, nasi tunaichukua miezi hiyo kama maisha yake yote, tena tunashangaa alivyokuwa hodari "ghafla".

Ghafla haipo. Na hapa naomba niwageukie wenzangu wa kitivo cha elimu, hasa mnaojiandaa kwenda kwenye mazoezi ya kufundisha. Mkaguzi atakuja darasani kwako mara chache, atakaa nyuma na fomu, atakuandikia alama za dakika arobaini. Hizo ndizo zitakazobaki kwenye faili. Vipindi vingine vyote, asubuhi ulizofundisha sehemu na desimali kwa watoto themanini hadi ukapata sauti ya mwalimu, havitaandikwa popote. Lakini ndivyo vitakavyokuwa vimezifanya zile dakika arobaini ziwezekane. Na hata baadaye, kazi yetu kubwa itakuwa ya namna ya jukwaa: inaisha kengele ikigonga, na ushahidi wake unatembea kwa miguu kurudi nyumbani.

Sisemi kurekodiwa si kitu. Bila kabati la Oslo nisingekuwa na la kuandika. Ninachokataa ni kile kipimo tunachojipimia hosteli siku hizi, kwamba kisichoonekana kwenye skrini hakijafanyika, na aliyekaa kimya "amefulia". Kwa kipimo hicho Falconetti alifulia mwaka 1929. Ukweli ni kwamba alikuwa kazini, mahali ambapo kamera haikufika.

Kama una bando la kutosha wikiendi hii, itafute. Haifiki saa mbili. Zima taa, weka simu mbali, wala usijali kama huelewi kadi za mwanzo. Subiri mpaka Falconetti aulizwe swali la kwanza, na uangalie anachofanya na macho yake kabla hajajibu.